Kwa nini ndege isituangushie chakula Pemba bahari ikichafuka?

*"Mimi ni mjumbe wa kamati ya maafa ya shehia yetu, Wilaya ya Micheweni. Kimbunga Hidaya kilipokaribia mwezi wa Mei 2024 boti zilisimama. Sisi huku hatukudhurika sana, lakini kila mwenye duka alikuwa akihesabu magunia ya mchele. Tangu siku ile vijana wananiuliza jambo moja: jeshi lina ndege, na kwenye simu tunaona ndege za nchi nyingine zikiangusha shehena kwa miavuli. Kwa nini na sisi tusipangiwe hivyo? Tuna kiwanja cha mpira cha skuli, kikubwa. Mzee mmoja hapa anasema babu yake alikuwa askari wa Keya, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki (King's African Rifles), huko Burma, na miezi mizima walikula chakula kilichoshuka kutoka juu. Kama iliwezekana mwaka 1944, leo kinashindikana nini? Na kiwanja tukitayarishe vipi?"*

Mzee wako kasema kweli, ndugu yangu, na nafurahi kwamba bado yupo anayekumbuka. Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, iliyokuwa na askari wa Keya kutoka Tanganyika, Kenya, Uganda na Nyasaland, iliteremka bonde la Kabaw kuanzia Agosti 1944, mvua za huko zikiwa zimepamba moto. Njia ilikuwa tope tupu, gari likiingia halitoki. Wakapambana hivyo hivyo hadi wakafika Kalewa, ukingoni mwa mto Chindwin, mwanzoni mwa Disemba. Barabara ilipokufa, walilishwa na ndege za Dakota, ambazo moja haikubeba hata tani tatu. Vitu vinavyostahamili kuanguka, kama mchele, vilitupwa bila mwavuli. Risasi na dawa zilishushwa kwa mwavuli.

Na miavuli yenyewe ilikuwa adimu. Hariri haikutosha, basi Jenerali Slim, aliyeongoza Jeshi la 14, akaagiza miavuli ishonwe kwa juti huko Calcutta, nyuzi zile zile za gunia la karafuu. Mwavuli wa juti uligharimu pauni moja na kitu, wa hariri zaidi ya pauni ishirini. Kwa ubora haukuufikia wa hariri na hakuna aliyeuamini kumshushia mtu, lakini mzigo uliufikisha.

Kwa hiyo wanaosema jambo hili haliwezekani, usiwasikilize. Linawezekana. Ila vijana wako wanaona nusu yake tu, ile ya angani inayopendeza kwenye simu. Nusu ya pili iko chini, na huko ndiko linakoharibikia mara nyingi. Askari wa Keya walikuwa na redio, walikuwa na watu waliofundishwa kuchagua uwanja na kuuwekea alama, walikuwa na amri ya kijeshi iliyozuia mtu yeyote asisogee mpaka mzigo wa mwisho utue. Nyuma yao, kwenye viwanja vya ndege vya India, palikuwa na watu ambao kazi yao mchana na usiku ilikuwa kufunga mafurushi tu. Na waliolishwa walikuwa divisheni moja, watu elfu kumi na kitu.

Pemba, kwa sensa ya 2022, ni watu 543,441. Tufanye hesabu pamoja, nawe uwafanyie vijana ubaoni. Mtu mmoja tumpe gramu 400 za nafaka kwa siku, bila mafuta, bila maharage, bila sukari ya chai. Kisiwa kizima ni tani 217 kwa siku. Ndege ya C-130, ambayo ndiyo farasi wa kazi hii katika majeshi mengi duniani, hubeba mafurushi 16 ya kuangusha, moja likiwa na uzito wa tani moja hivi pamoja na kamba, wavu na mwavuli wake. Hapo si chini ya safari 14 kwa siku moja, kila siku, kwa mchele mtupu. Mzigo huo huo meli moja ya mizigo ya kawaida inauingiza Pemba kwa safari moja na nafasi inabaki. Shirika la Mpango wa Chakula Duniani, ambalo limeangusha chakula Sudan Kusini kwa miaka mingi pengine kuliko yeyote, limesema wazi kwamba njia hii inaweza kugharimu hadi mara saba ya kupeleka kwa barabara. Wanaitumia pale tu ambapo barabara imezama, mto haupitiki na uwanja wa kutua haupo.

Hiyo ni hesabu ya uzito. Bado hatujagusa hesabu ya kiwanja chenu, na hii ndiyo nataka uielewe vizuri, kwa sababu watu wengi wanadhani rubani hufika juu ya uwanja, akabonyeza kitufe, mzigo ukashuka wima.

Ukikaa dirishani kwenye gari ya abiria inayokwenda mbio kutoka Chake, ukataka kumrushia mwenzako chungwa kituoni, ukilitoa mkononi ukiwa sambamba naye litampita. Lazima ulirushe kabla hujamfikia. Ndege ya kuangusha mizigo huenda kiasi cha noti 130 (noti ni maili ya baharini kwa saa), yaani mita 67 kwa sekunde. Sekunde moja ya kuchelewa imeshauvuka upana wa kiwanja cha mpira. Ndani ya ndege mafurushi yamepangwa safu mbili juu ya vigurudumu vya sakafuni, yamezuiwa na mkanda mmoja imara. Mlango wa nyuma umefunguliwa, rubani ananyanyua pua ya ndege kidogo, mkanda unakatwa kwa kisu, na mzigo unateleza wenyewe kwa uzito wake hadi nje. Kila furushi lina kamba iliyofungwa ndani ya ndege, nayo ndiyo inayovuta mwavuli ufunguke. Tani kumi na sita zikitoka mkiani namna hiyo ndege nzima hubadilika mikononi mwa rubani, na yule aliyepanga mizigo akiwa kakosea mizani, ndege inaweza kuanguka. Nimeifanya kazi ya kupanga shehena kwa miaka mingi, na hata sasa nikiona mkanda wa mzigo umefungwa ovyo, japo juu ya gari ya ng'ombe, roho hainitulii mpaka niurekebishe.

Mafurushi yote 16 yakitoka kwa sekunde tano, la kwanza na la mwisho yatatua mbalimbali kwa zaidi ya mita 300. Kiwanja chenu hakizidi sana mita 100. Mnaona? Hata upepo ukilala kabisa na rubani asikosee, mafurushi kumi yatatua nje ya goli: juu ya skuli, juu ya mapaa ya watu, kwenye mikarafuu.

Na upepo haulali. Mzigo ukitolewa mita 200 juu, ukashuka mita 8 kwa sekunde, unakaa angani sekunde 25. Kusi ikivuma noti 15, jambo la kawaida kwetu Juni na Julai, katika muda huo itausukuma mzigo karibu mita 190. Navigeta, yule anayepanga njia ya ndege, huyapiga mahesabu haya kabla na kusogeza mahali pa kuachia mzigo. Lakini upepo wa mita 200 si upepo wa chini ya minazi, na mkupuo mmoja unatosha kuharibu hesabu. Katika mazoezi ya jeshi la Marekani, askari wa miavuli hawarushwi kwa kawaida upepo wa ardhini ukizidi noti 13. Shehena huruhusiwa zaidi kidogo. Hapo ndipo vijana wanapokosea zaidi. Wanadhani ndege itakuja *wakati* boti zimesimama. Upepo unaozuia boti Mkondo wa Pemba ndio huo huo unaozuia kuangusha mizigo. Dhoruba ikipungua kiasi cha ndege kushuka mita 200 na kulenga, aghlabu boti nazo zimekaribia kung'oa nanga.

Pengine utaniuliza, mbona kuna miavuli inayojiongoza kwa setilaiti? Ipo. Majeshi tajiri wanayo, inatolewa kutoka juu sana na kujisogeza yenyewe hadi karibu na alama. Ni ghali, na huletwa kwa ajili ya kikosi kilichozingirwa milimani. Kwa mchele wa shehia sioni nani ataigharamia.

Kuna pia kuangusha bila mwavuli, namna ya Sudan Kusini. Nafaka hutiwa gunia ndani ya gunia, la nje likiwa kubwa, ili la ndani likipasuka la nje lidake. Inafanya kazi vizuri ajabu kwa mtama na mahindi. Mafuta ya kupikia hayawezi, hayo yana miavuli yake. Lakini gunia la kilo 50 likifika chini bila mwavuli linakuja kwa kasi ya zaidi ya kilomita 140 kwa saa. Sudan Kusini wana mbuga tupu za kulitupia, na timu hutangulia siku kadhaa kabla kuzungumza na wazee, kuweka alama nyeupe, kuwatoa watu na ng'ombe. Nitajie wewe mahali Pemba penye uwazi wa kilomita moja bila nyumba, bila shamba la mtu na bila mikoko. Mimi nimefikiri sana sijapaona.

Hatari si ya kukisia. Machi 2024 huko Gaza, shehena ambayo mwavuli wake haukufunguka iliwaangukia watu ikawaua. Mwezi huo huo watu wengine walizama wakiogelea kufuata vifurushi vilivyoangukia baharini. Sisi ni watu wa kisiwa. Nikiwaza gunia linaelea nje ya Shumba au Kojani, na vijana wanavyojiamini majini, najua nini kitatokea.

Turudi kwenye vita kidogo, maana humo limo funzo ambalo wanaopenda sinema hulikosa. Watu wakitaka kuthibitisha kwamba ndege zinaweza kulisha mji, hutaja Berlin, Warusi walipoufungia mji njia za ardhini. Ni kweli: kuanzia Juni 1948 hadi Septemba 1949, Wamarekani na Waingereza waliingiza zaidi ya tani milioni mbili kwa safari zaidi ya 277,000, na zaidi ya nusu ilikuwa makaa ya mawe. Lakini zile ndege *zilitua*. Zilitua, zikapakuliwa, zikaondoka, nyingine ikiwa nyuma yake kwa dakika chache. Miavuli iliyopata umaarufu pale ilikuwa vitambaa vya mkononi tu, rubani mmoja akiwashushia watoto peremende. Upande wa pili weka Stalingrad, huko Urusi, majira ya baridi ya 1942 hadi 1943. Jeshi la Ujerumani lililozingirwa lilihitaji kwa uchache tani 300 kwa siku, likapata wastani wa karibu tani 100, na viwanja vya kutulia vilipochukuliwa Januari, ikabaki kutupa tu kwenye theluji. Wakasalimu amri mwanzoni mwa Februari. Wafaransa nao huko Dien Bien Phu, Vietnam, mwaka 1954: mizinga ilipoufunga uwanja wa ndege mwishoni mwa Machi, wakawa wanategemea miavuli, na shehena nyingi zikawa zinawaangukia maadui waliowazingira. Tarehe 7 Mei ngome ikaanguka.

Tena jaribio la ajabu kuliko yote liliihusu ardhi yetu wenyewe. Novemba 1917 Wajerumani walituma puto kubwa lenye injini, L59, kutoka Bulgaria kumletea von Lettow-Vorbeck, kamanda wao wa vita Afrika Mashariki, risasi na dawa. Halikutarajiwa kurudi, lingefika, gamba lake lingekatwa kushonewa mahema. Likafika Sudan, likaitwa nyuma kwa redio, likarudi baada ya saa 95 angani bila kushusha hata bandeji. Mwenyewe Lettow siku hizo alikuwa anavuka Ruvuma kuingia Msumbiji. Hata lingefika, lingemkuta nani? Kulijua eneo ambapo mzigo unatakiwa, saa ile ile unapotakiwa, ndiyo kazi yenyewe.

Sasa kwa upande wetu. Pemba tunao uwanja wa ndege Chake Chake, na njia yake ya kurukia ina urefu wa kilomita moja na nusu hivi. C-130 na ndege nyingine za kijeshi za aina hiyo zimeundwa kutua kwenye njia fupi kuliko hiyo, hata za udongo. Kukiwa na uwanja, ndege hutua. Mzigo unashushwa mzima, unahesabiwa, mgonjwa anapakiwa kwenye safari ya kurudi, jambo ambalo mwavuli hauwezi kulifanya hata siku moja. Hivyo, kama siku moja Mwenyezi Mungu atatujaalia mtihani mkubwa, cha kutarajia ni ndege kutua Chake na gari kuja kwenu, na kinachoweza kuwakatia nyinyi Micheweni ni barabara, si bahari. Lifikirieni hilo kwenye kamati: daraja gani likizolewa na maji mtabaki peke yenu? Njia gani ya shamba pikipiki itapita?

Mahali pekee ninapoona kuangusha au kushusha kwa kamba kuna maana kwetu ni visiwa vidogo na vitu vidogo. Watu waliokwama Kojani au Fundo, wanahitaji insulini, damu, dripu, simu ya setilaiti. Hapo helikopta ndiyo chombo, na uwanja wa skuli unaanza kuwa na kazi. Helikopta ndogo inahitaji uwazi wa mita 30 kwa 30 kwa uchache, kubwa inahitaji zaidi ya hapo. Ondoeni mabati yaliyolegea, makuti, ndoo, mifuko ya plastiki, magoli yanayohamishika. Upepo wa mapanga unanyanyua bati likakata mtu. Jueni nyaya za umeme ziko upande gani, maana kutoka juu rubani hazioni kwa urahisi. Wekeni kitambaa kirefu kwenye mti pembeni kionyeshe upepo unatoka wapi. Watoto wakae ndani ya madarasa, madirisha yamefungwa. Na mtu asiisogelee helikopta mpaka aliyemo ndani amwite kwa mkono, halafu aende kwa mbele ambako rubani anamuona. Nyuma kuna panga dogo lisiloonekana likizunguka.

Lakini usikianze kiwanja kesho. Anza na stoo. Nikipewa uchaguzi kati ya ndege moja na chumba kikavu chenye mchele, unga na mafuta ya wiki mbili karibu na skuli, nachagua chumba, wala sifikirii mara mbili. Dhoruba zetu hutabiriwa. Mamlaka ya Hali ya Hewa hutoa tahadhari siku kadhaa kabla, na siku hizo ndizo za kuleta mzigo kwa boti, bahari ikiwa bado tulivu. Sidharau wenye maduka katika hili. Wao ndio wenye magari, mizani na daftari la nani anadaiwa nini. Kaeni nao mapema mkubaliane, kabla ya siku ambayo bei itapanda.

Mengine hayaamuliwi na barua wala na mimi niliye mbali. Sijaona kiwanja chenu, sijui mteremko wake, sijui waya wa umeme umepita wapi. Mwombe sheha awaandikie Kamisheni ya Kukabiliana na Maafa kupitia wilaya, waje wakipime. KMKM (Kikosi Maalum cha Kuzuia Magendo) nao waulizeni, kwani wao ndio watakaokuja kwanza kwa boti, wala si ndege. Wagonjwa msisubiri mpango wowote. Mama aliyekaribia kujifungua, mwenye kusafisha figo, mwenye kutumia insulini au dawa ya kifafa, tahadhari ya dhoruba ikitangazwa wapelekwe kituo cha afya kuulizia, na kama daktari akisema wasogezwe Chake au Hospitali ya Abdalla Mzee, Mkoani, wasogezwe barabara ikiwa bado kavu.

Mkienda wilayani, nendeni na karatasi mbili: majina ya wagonjwa hao na dawa zao, na ramani ya kiwanja iliyochorwa kwa mkono, yenye vipimo vya mita, minazi na nyaya. Mkaguzi yeyote wa mambo haya atakuuliza hizo kabla hajakukaribisha kiti.